Ndege Hairushwi na Rubani Peke Yake

Wapo watu ambao, kila litajwapo jeshi la anga, humwona rubani tu. Fundi aliyekesha chini ya injini, mikono imejaa grisi, hawamwoni kabisa. Huo ni upofu, na historia ya Marekani yaonyesha kwamba upofu huo na ubaguzi ni ndugu.

Mwaka 1925 Chuo cha Vita cha Jeshi la Marekani kilitoa taarifa iliyodai kwamba mtu mweusi amepungukiwa akili na ushujaa. Kwa fikra za namna hiyo, milango ya jeshi la anga ilifungwa mbele yake hadi mwaka 1941, serikali iliposukumwa na vyama na magazeti ya Wamarekani weusi kuunda Kikosi cha 99, nacho kikatengwa na vya wazungu.

Je, kikosi hicho kilianza na nani? Kilianza na mafundi! Machi 1941 vijana walioandikishwa walianza kukusanywa katika kambi ya Chanute, jimboni Illinois, wakafundishwa kazi za injini, silaha na mitambo. Marubani watano wa kwanza walihitimu Tuskegee, Alabama, Machi 1942, mwaka mzima baadaye.

Hapo ndipo uongo wa wabaguzi ulipoumbuka. Bolti haiulizi rangi ya mkono ulioikaza. Ikikazwa vibaya, ndege huanguka. Mwaka 1944, nchini Italia, wanajeshi weusi wa Kundi la 332 walibadilishiwa ndege za kivita mara kwa mara: P-39, kisha P-47, kisha P-51. Kila badiliko liliwalazimu mafundi kujifunza injini mpya huku vita vikiendelea. Walijifunza, na ndege ziliruka.

Hata hivyo, sifa zimemwendea nani? Marubani waliohitimu Tuskegee hawakufika 1,000. Waliowahudumia ardhini, wanaume kwa wanawake, walizidi 10,000. Filamu na vitabu huwakumbuka zaidi wale wachache. Wabaguzi walimdharau mtu kwa rangi yake. Leo anadharauliwa kwa kazi ya mikono yake.

Basi mwalimu amwambiaye mwanafunzi kwamba karakana ni mahali pa walioshindwa mtihani, na ofisa apimaye utu kwa tai, wajiulize wanahubiri mafundisho ya nani. Jeshi linaloandikisha marubani na kusahau mafundi litabaki na ndege za kutazamwa siku ya gwaride. Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni!