Askari Akague Breki, si Kofia

Kwamba askari wa barabarani ana haki ya kusimamisha gari, hilo halina ubishi. Nchelenge, nchini Zambia, ni wilaya ya mpakani, na ng'ambo ya Ziwa Mweru nchi imechafuka mara nyingi: mwaka 2017 maelfu ya Wakongo walivuka wakikimbia vita, na mwaka 2018 makazi ya Mantapala yakafunguliwa wilayani humo. Ulinzi lazima uwepo. Lakini gari likishasimama, askari aanze na leseni, bima na breki, au aanze na jina la Kiislamu la dereva na kofia aliyovaa?

Wapo wasemao Zambia ni taifa la Kikristo, kama alivyotangaza Rais Chiluba Desemba 1991, basi Mwislamu avumilie kuulizwa mara mbili. Waisome Katiba ya nchi. Sentensi ile ile ya utangulizi inayoutaja Ukristo inaahidi kulinda uhuru wa kila mtu wa dhamiri na dini, na kifungu cha 23 kinakataza ubaguzi wa imani, kabila na mahali mtu alikotoka. Tena Uislamu si mgeni wa jana Zambia: mpelelezi Livingstone alipofika kwa mtawala Mwata Kazembe mwaka 1867 alimkuta mfanyabiashara Mwislamu, Mohammed bin Saleh, anaishi huko.

Anayedhani shuku ya jumla huleta usalama aitazame Kenya. Aprili 2014, baada ya milipuko ya Eastleigh, Nairobi, polisi walianzisha operesheni Usalama Watch. Watu wapatao 4,000 walikamatwa, wengi wao Wasomali, na mamia wakazuiliwa katika uwanja wa Kasarani. Mwaka mmoja baadaye, Aprili 2015, watu 148 waliuawa Chuo Kikuu cha Garissa. Mmoja wa wauaji alikuwa mwana wa chifu wa Mandera, na baba huyo, Mwislamu, alikuwa amekwisha kuwaarifu wakuu kwamba mwanawe katoweka. Habari ililetwa na mzazi, si na msako. Nani atampelekea habari askari anayemdhalilisha kila Ijumaa?

Nawe dereva, usiendeshe na leseni iliyokwisha muda kisha ukalilia dini. Usitoe chochote mkononi. Andika namba ya askari, saa na mahali, upeleke malalamiko kwenye tume iliyowekwa na Katiba kuyapokea. Na mkuu wa kituo aamuru kila gari lililosimamishwa liandikwe daftarini pamoja na sababu. Gari moja likionekana humo mara tatu kwa wiki bila kosa, aulizwe aliyeandika.