Mwimbaji aliyegeuzwa swala

Leo sina habari ya nani kamwacha nani, wala nani kaonekana ufukweni kwenye gari la nani. Hizo zipo, na ukurasa wa pili umejaa tele. Leo nataka tuongee muziki, na tena si huu unaopasua spika za daladala. Nazungumzia kantri. Ndiyo, ule wa wazee wa kofia pana, gitaa begani na sauti ya kulialia, ambao ukipigwa redioni Jumapili mchana hata mama mwenye nyumba anasahau kudai kodi yake.

Mnaojua mnawajua: Jim Reeves, Dolly Parton, Don Williams, Kenny Rogers. Wenzetu wa Kenya ndio usiseme. Wana mtu wao kabisa, Elvis Otieno, maarufu kama Sir Elvis, anayepanda jukwaani Nairobi na kuimba kantri mpaka ukifumba macho unadhani uko Texas.

Lakini kabla ya hao wote alikuwepo mzee mmoja anayeitwa baba wa muziki huo, Jimmie Rodgers. Tafadhali usimchanganye na Kenny. Hawana undugu, na hata majina yao hayaandikwi sawa. Huyu Jimmie ndiye ninayemtaka leo, na nina sababu yangu inayotoka kwetu Narung'ombe, huko Ruangwa. Vuta subira, nitafika.

Jimmie alizaliwa Septemba 8, 1897, akakulia Meridian, jimbo la Mississippi, Marekani. Mama yake alifariki yeye akiwa bado mdogo. Baba alikuwa mnyapara wa reli, na kijana naye akaingia relini mapema, kwanza kubeba maji ya kunywa ya vibarua, baadaye kufunga breki za mabehewa. Hao vibarua, wengi wao weusi, ndio waliokuwa shule yake. Walikuwa wakiimba huku wanapiga nyundo, naye anasikiliza. Gitaa kajifunzia hapohapo. Kwa hiyo ukisikia watu wanabishana eti kantri ni muziki wa wazungu watupu, waambie wakamuulize Jimmie kaupata wapi.

Sasa niruhusu nichomekee jambo. Julai 1917 Waingereza na Wajerumani walitwangana vibaya sana pale kwetu Narung'ombe. Vita ya Dunia hiyo, wenyewe wametoka Ulaya kuja kumalizana kwenye mashamba ya babu zetu. Mwezi huohuo Jimmie alikuwa kijana wa miaka 19. Hakuijua Narung'ombe, na Narung'ombe haikumjua. Nawaambia hili mpate kipimo cha umbali, maana wimbo hauna habari na umbali.

Mwaka 1924 madaktari walimwambia ana kifua kikuu. Zama hizo ugonjwa huo haukuwa na dawa. Dawa ya kwanza, streptomycin, iligunduliwa 1943. Kazi za reli zikamshinda, akabaki na gitaa. Angekuwa mtu mwingine angekaa barazani kusubiri siku yake. Yeye akaamua kuimba.

Bahati ikagonga mlango Agosti 1927. Bwana mmoja, Ralph Peer, alifika mji wa Bristol, mpakani mwa Tennessee na Virginia, na mitambo ya kurekodi ya kampuni ya santuri ya Victor. Jimmie alikwenda na wenzake wa bendi. Kumbe wakagombania jina la kuandika kwenye santuri! Wakatengana palepale, na Agosti 4 Jimmie akarekodi vibao viwili peke yake. Mwezi Novemba akaenda Camden, New Jersey, akarekodi "Blue Yodel" ya kwanza, akiwa na ule mtindo wake wa kuivunja sauti na kuirusha juu ghafla, kama mtu anayemwita mwenzake ng'ambo ya bonde. Santuri ikauzwa kama maandazi ya asubuhi. Mfunga breki akawa staa.

Hapa ndipo ninapotaka ukae vizuri kitini. Unajua yule Peer alikuwa anatafuta nini? Sauti nzuri, ndiyo. Lakini zaidi ya sauti alitaka nyimbo mpya, ambazo hazijaandikishwa na mtu. Alikuwa ameshagundua kwamba fedha ya kudumu haiko kwenye koo la mwimbaji, iko kwenye karatasi inayosema wimbo huu ni wa nani. Kila santuri inapouzwa, mwenye karatasi anapata chake. Peer akajiwekea fungu lake humo, na mtunzi aliyeandikishwa naye akapata lake. Jimmie alipata fedha kwa sababu jina lake lilikuwa kwenye karatasi.

Na asiye na jina kwenye karatasi je? Alikuwepo shemeji yake Jimmie, dada wa mkewe, Elsie McWilliams. Mama huyu alimtungia na kumsaidia kutunga nyimbo nyingi sana. Alikuwa anajua kusoma na kuandika noti, jambo ambalo Jimmie hakulijua. Nyimbo nyingine jina lake limo. Nyingine halimo, tena mwenyewe alikubali lisiwemo, kwa kumwonea huruma shemeji mgonjwa mwenye familia. Ni moyo mzuri sana huo. Ila leo mtu akisikiliza wimbo wa namna hiyo, Elsie hayumo.

Jimmie alifanya kazi kama mtu anayekimbizana na saa. Kwa miaka isiyofika sita alirekodi nyimbo zaidi ya 100. Mwaka 1930 aliingia studio Hollywood na Louis Armstrong, bingwa wa tarumbeta, mweupe na mweusi katika kibao kimoja, wakati ambapo Marekani yao haikupenda kuona mambo hayo. Alijenga jumba la fahari Kerrville, Texas, halafu matibabu na maisha ya kistaa yakamla, jumba likamtoka. Mwaka 1931 akauimbia hata ugonjwa wenyewe, "T.B. Blues". Mei 1933 alikwenda New York kurekodi kwa mara ya mwisho. Studio walimwekea kitanda. Anaimba, analala, anaamka, anaimba tena. Mei 26 akafia hotelini, ana miaka 35.

Msiba ungeishia hapo. Lakini sasa njoo huku kwetu Afrika Mashariki.

Gramafoni zilipofika Kericho, nchi ya Wakipsigis huko Kenya, santuri za Jimmie zilifika nazo. Watu wakasikia sauti ya mtu, hawamwoni. Sauti yenyewe ndiyo ile inayoruka juu kama ya mnyama. Jina lake likageuzwa likakaa kama la kwao kabisa: Chemirocha. Na umbo wakampa. Chemirocha akawa nusu mtu, nusu swala. Mwaka 1950 mtafiti wa muziki, Hugh Tracey, alifika Kapkatet na mashine yake, akarekodi nyimbo zinazomtaja. Wimbo uliotia fora ni ule ulioongozwa na binti aliyeandikwa kwa jina la Chemutoi Ketienya, akiwa na wasichana wenzake na zeze la kwao. Kwa maelezo ya Tracey, mabinti wanamwita Chemirocha aje acheze nao, acheze hasa, mpaka suruali imvuke. Jamani! Marehemu ana miaka 17 kaburini, huku Kericho wanamwalika dansini.

Mimi habari hii kila nikiikumbuka nacheka, halafu nanyamaza. Maana wimbo ulisafiri kutoka Mississippi mpaka Kapkatet, ukazaa wimbo mwingine, na mwenyewe asingeweza hata kuota. Na wale mabinti nao sauti zao zikasafiri, zikasikilizwa Ulaya na Marekani miaka na miaka. Ni katika miaka ya 2010 tu ndipo rekodi zile zilipopelekwa rasmi kurudishwa kwa watu wa kule zilikotoka. Zaidi ya nusu karne! Wimbo una miguu kuliko mtunzi. Swali ni moja tu: unapoondoka nyumbani, umebeba jina la nani?

Ndiyo sababu ya kuyasema yote haya. Nina mpwa wangu kule Narung'ombe. Kwa sisi Wamwera, mjomba ndiye anayeulizwa mtoto akiharibikiwa, kwa hiyo shida yake ni yangu. Kijana alianzia na gitaa la dumu la mafuta na nyuzi za waya, sasa analo la kweli. Anatunga mwenyewe. Anaimba habari za ufuta kukosa bei, za rafiki aliyekwenda Dar akarudi na begi tupu, za reli ya Nachingwea ambayo bibi aliiona na yeye hakuikuta. Reli ile ya mradi wa karanga wa Waingereza ilifungwa mwaka 1962, leo kijana wa miaka 20 anaililia kwenye gitaa. Ukiniuliza mimi, hiyo ndiyo kantri, hata kama hajawahi kuvaa kofia pana.

Alirekodi vibao vitatu kwa simu, vikazunguka vijiweni mpaka vikafika mjini. Akapigiwa simu na jamaa mmoja anayejiita meneja. Jina namhifadhi. Ofa yenyewe: studio bure, video bure, nauli juu yake, mshiko kidogo wa kuanzia. Kijana asaini tu karatasi. Karatasi nikatumiwa kwa simu, nikaisoma mara mbili. Imesema nyimbo zote, zilizotungwa na zitakazotungwa, ni mali ya meneja, milele. Jina la mtunzi halikutajwa mahali popote.

Mpwa akanipigia: "Mjomba, nisaini? Mnada wa ufuta mwaka huu haukutoa kitu, na nafasi kama hii hairudi."

Sikumwambia usiimbe. Wala sikumwambia mjini wote ni matapeli, maana si kweli. Nilimsimulia habari ya Jimmie, kama nilivyowasimulia ninyi. Halafu nikamwambia hivi: Peer alikuwa mfanyabiashara, alijipendelea, lakini kwenye karatasi yake mtunzi alikuwa na fungu lake. Huyu wako ana karatasi isiyo na wewe. Mwambie aandike jina lako kama mtunzi, aandike fungu lako, aandike na mwaka wa kumaliza mkataba. Akikubali, ni mfanyabiashara, kaa naye mezani. Akikasirika, ujue alichokuwa anakitaka.

Na kabla hujapanda basi, nyimbo zako ziandikishe COSOTA. Sheria ya hakimiliki tunayo tangu 1999, si hadithi ya Marekani. Najua mtasema mgawo wenyewe mwembamba. Inawezekana. Lakini mwembamba wenye jina lako unaweza kunenepa kesho. Usio na jina lako haukuhusu hata ukinenepa kama tembo.

Vijana wengi mnaosoma hapa mnatunga. Najua, barua zenu na ujumbe wenu vinanifikia. Mnarusha ngoma mtandaoni usiku, asubuhi mtu wa nchi nyingine anaicheza. Gramafoni la siku hizi liko mfukoni mwa kila mtu, na linafika Kericho kwa dakika moja. Mbaraka Mwinshehe alitutoka Januari 1979, hakuwa amefikisha miaka 35, na mpaka leo harusi haijanoga mpaka apigwe. Nyimbo nzuri hazifi, watunzi ndio wanaokufa, wengine wakiwa vijana. Basi lifanyeni jambo la karatasi mkiwa hai, na mwenye kikohozi cha wiki mbili aende hospitali, maana kifua kikuu leo kinatibika na dawa hulipi.

Mpwa wangu bado hajasaini. Amemrudishia bwana meneja karatasi yenye mistari mitatu aliyoiongeza kwa mkono wake, na mwandiko wake kwa kweli si wa kuringia. Jibu halijaja. Huku nyuma katunga kibao kipya, kanitumia, na chini yake kaandika tarehe na majina yake yote matatu.

Haya, tukutane wiki ijayo, Mungu akipenda. Na yule dada wa Tandika aliyeniandikia kuhusu mchumba anayeazima simu yake kila usiku, zamu yako inakuja.