Mnyama wa Kuachiwa

Mtu wa Kingi akishuka Goma kwa ugonjwa, au akikimbia vita, hawezi kuchukua vyote. Mbwa wake humwachia jirani. Jirani humpokea upesi, maana mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Usiku wa kwanza ndipo aujuapo uzito wake. Mbwa hataki kula. Hulala mlangoni, pua yake imeelekea njiani, akilia mpaka alfajiri.

Wako wasemao: «Mnyama ni mnyama tu, akipewa chakula yatosha.» Neno hilo si kweli. Mwenye mbwa ajua sababu ya kuondoka kwake, na jirani aijua pia. Mbwa peke yake haijui. Basi anayempokea mnyama hupokea na upweke wake.

Jambo hili limeonekana Rumangabo, katika Hifadhi ya Virunga. Mwaka 2007 walinzi walimkuta gorila mchanga wa miezi miwili, ameshikilia maiti ya mama yake aliyepigwa risasi. Akaitwa Ndakasi. Mtoto wa gorila amezoea kulala kifuani pa mama; maziwa peke yake hayakutosha. Mlinzi André Bauma alimkumbatia usiku kumpasha joto. Mwaka 2012 waasi wa M23 walipoteka sehemu zile, watu wengi walikimbia, lakini Bauma alibaki na yatima wake. Ndakasi alikufa tarehe 26 Septemba 2021 mikononi mwake, akiwa na miaka 14. Hakuwa mali ya Bauma, alikuwa amana.

Mlinzi naye huona upweke. Mbwa hamwoni kuwa bwana wake, mwenye mbwa hayupo kumshukuru, na watu humcheka kwa kumlisha asiye wake. Hapo ndipo uaminifu upimwapo.

Basi aliyeachiwa mbwa amwite kwa jina lake la zamani, amlishe saa alizozoea, amtandikie gunia la kwao lenye harufu ya nyumbani, na jioni aketi karibu naye. Mbwa akiugua, ampelekee mwenyewe habari. Akifa, aseme kweli wala asifiche.

Maana arudiye kutoka ukimbizini huenda akakuta nyumba imeanguka na shamba limekuwa pori. Mbwa wake akimkimbilia kwa kutikisa mkia, atajua kwamba yuko jirani aliyemkumbuka siku zote asipokuwapo.