Kalamu Iliyoingia Sinema

Wazee wa Unguja na Dar es Salaam waliokuwa vijana katika miaka ya 1950 wanaikumbuka sana filamu ya Kihindi iitwayo Awaara. Watakutajia majina ya Raj Kapoor na Nargis bila kusita. Lakini waulize ni nani aliyeitunga hadithi ile, na aghalabu watanyamaza. Mtu huyo alikuwa mwandishi wa gazeti, na safari yake yafaa kusimuliwa mbele ya kijana anayetamani kutengeneza filamu, na mbele ya mzazi anayeihofia tamaa hiyo.

Jina lake ni Khwaja Ahmad Abbas. Alizaliwa Panipat, India, mwaka 1914. Alisomea sheria huko Aligarh, lakini mwaka 1935 akaiacha njia ya mahakama na kuingia katika gazeti la Bombay Chronicle. Humo akawa mhakiki wa filamu. Kazi hiyo humlazimisha mtu kutazama filamu nzuri na mbovu, na kueleza kwa maneno machache kwa nini hii imemgusa na ile imemchosha. Abbas alipouza mswada wake wa kwanza, Naya Sansar, yaani Dunia Mpya, uliotolewa kuwa filamu mwaka 1941, hakwenda mbali kutafuta habari: hadithi ilihusu watu wa gazeti.

Kwa nini basi kalamu isimtoshe? Sensa ya India ya mwaka 1951 ilionyesha kwamba watu wapatao 18 tu katika kila 100 walijua kusoma. Gazeti lilikuwa na mpaka, sinema iliuvuka. Njaa ilipoangamiza watu wanaokadiriwa kufikia milioni 3 katika jimbo la Bengal mwaka 1943 na baada yake, Abbas aliongoza filamu ya Dharti Ke Lal, iliyotoka mwaka 1946, akiwatumia wasanii wa kikundi cha maigizo cha wananchi. Wakulima wenye njaa waliohamia mjini wakaonekana kwa macho.

Katika Awaara ya mwaka 1951, hakimu anaamini kwamba mtoto wa nyoka ni nyoka: mwana wa mwizi hawezi kuwa mwema. Kumbe kijana anayesimama kizimbani ni mwanawe mwenyewe, aliyelelewa mitaani baada ya mama yake kufukuzwa nyumbani. Jibu la Abbas sisi tunalo katika methali yetu: mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Si ajabu filamu ile ilipendwa hata huku kwetu.

Mwaka huohuo Abbas alianzisha kampuni yake, akaiita Naya Sansar. Hapo ndipo ugumu ulipojitokeza. Miswada aliyomwandikia Raj Kapoor, kama Shree 420 ya mwaka 1955 na Bobby ya mwaka 1973, ilijaza majumba ya sinema. Filamu alizozitayarisha mwenyewe mara nyingi hazikuleta faida. Munna, ya mwaka 1954, aliitoa bila nyimbo, katika nchi ambayo mtazamaji hulipia tikiti ili asikie nyimbo! Shehar Aur Sapna, ya mwaka 1963, ilihusu mume na mke waliokosa chumba mjini Bombay, wakahamia ndani ya bomba kubwa la maji machafu. Ilipata tuzo ya taifa ya filamu bora. Mwaka 1969, katika Saat Hindustani, alimpa nafasi ya kwanza kijana asiyejulikana, Amitabh Bachchan.

Pamoja na hayo yote, Abbas hakuiweka kalamu chini. Makala yake ya kila wiki, yaliyojulikana kwa jina la Ukurasa wa Mwisho, aliyahamishia katika gazeti la Blitz, na akayaandika mpaka alipofariki mwaka 1987.

Siku hizi simu ya mkononi hupiga picha, na kila kijana ana kamera mfukoni. Kamera si taabu tena. Taabu ni kuwa na la kusema. Kijana na aanze kwa kusikiliza watu, kuuliza na kuandika. Na asiitupe kazi inayomlisha, kwani ndiyo itakayoilisha filamu yake siku majumba yatakapokuwa matupu.