KONA YA KUSHOTO HUANZA KABLA YA KONA

Ndugu msomaji, kuna msemo ambao sisi Wakenya tunaupenda kupita kiasi: ajali haina kinga. Gari likibiringika, tunasema ajali haina kinga. Mtu akigongwa akivuka barabara, tunatikisa vichwa, tunasema vivyo hivyo, kisha tunaenda kunywa chai. Mimi sikubaliani na msemo huo hata kidogo. Nina sababu zangu, na sababu ya kwanza ni sanduku langu la bati ambalo leo limekuwa bapa kama chapati.

Wengi wenu mnaijua njia panda yetu ya Voi. Ukitoka Mombasa kuelekea Nairobi, barabara ya kwenda Mwatate, Bura, Maktau na Taveta iko mkono wako wa kushoto. Barabara kuu hiyo ndiyo inayobeba mizigo kutoka bandari ya Mombasa kwenda Nairobi, Uganda, Rwanda na mbele zaidi. Nayo barabara ya Taveta inafika mpakani na kuingia Holili, Tanzania. Tangu kipande cha Mwatate hadi Taveta kilipowekwa lami miaka ya 2010, malori hayaogopi tena vumbi la Maktau. Kwa hiyo, pale Voi, trela, basi, matatu, bodaboda, baiskeli, mama mwenye kikapu na mwanafunzi mwenye sanduku wote hukutana, na kila mmoja ana haraka yake.

Nilikuwa Kidato cha Pili, siku ya kufunga shule muhula wa pili. Nilikuwa nakwenda nyumbani Mwatate, na nilijua fika kwamba nikichelewa, matatu zote zitajaa wanafunzi nami nitabaki nikihesabu mbuzi kando ya barabara. Nikapanda bodaboda, sanduku nikalipakata mapajani. Tulipokaribia njia panda tukakuta trela mbele yetu. Indiketa yake ya kushoto ilikuwa ikiwaka, lakini kichwa chake kilikuwa kimekwenda kulia, karibu na mstari wa katikati. Upande wa kushoto pakabaki nafasi nzuri, pana, kama mlango uliofunguliwa kwa ajili yetu.

Sasa ngojeni niseme ukweli, maana ukweli haupendi kufichwa. Mwenye bodaboda alipunguza mwendo. Mimi ndiye niliyemgonga begani na kumwambia, "Kaka, si upite hapo kushoto! Huoni nafasi?" Akapita.

Jamani! Nafasi ile haikuwa nafasi. Trela lilianza kukata kushoto. Kichwa kilipita mbali nasi, lakini mkia wake ukaanza kutusogelea polepole, kama ukuta unaotembea. Magurudumu ya nyuma yalikuja moja kwa moja pale tulipokuwa. Mwenye bodaboda aliruka nje ya lami, tukaangukia vumbini. Sanduku lilinitoka mikononi likaingia chini ya magurudumu. Nilisikia mlio wa bati ukikunjika, na mpaka leo nikiusikia mlio kama ule, mwili hunisisimka. Vitabu, sare, sabuni, vyote vilikwisha. Sisi tulipona kwa michubuko tu.

Dereva wa trela alisimama, akashuka. Alikuwa mzee wa makamo, mikono ikimtetemeka. Nilidhani atatutukana. Badala yake aliniambia, "Mwanangu, mimi nakaa kule juu, upande wa kulia. Ukiwa hapa chini ya mlango wa kushoto, mimi sikuoni. Kioo hakikuonyeshi. Kwangu mimi wewe hukuwepo." Maneno hayo yalinikaa moyoni kuliko hata mlio wa sanduku. Yaani nilikuwa mahali ambapo sikuwepo!

Shule ilipofunguliwa nilisimulia kisa hiki katika mkutano wa chama chetu cha Kiswahili, na mjadala mkali ukazuka. Nusu ya wanachama walisema kosa ni la trela. Kwa nini aonyeshe kushoto huku anakwenda kulia? Je, huo si ulaghai? Nusu nyingine ikasema kosa ni la bodaboda. Hakuna aliyenilaumu mimi, labda kwa kunihurumia. Leo nataka kutoa maoni yangu kwa kalamu, kwa kuwa siku ile kengele ililia kabla sijamaliza.

Kwanza, tuelewe kwa nini trela huenda kulia kabla ya kukata kushoto. Methali yasema mwana hutazama kisogo cha nina. Lakini gurudumu la nyuma si mwana wa namna hiyo, halifuati kisogo cha gurudumu la mbele. Msiponiamini, fanyeni jaribio hili. Chukua baiskeli, ipitishe kwenye maji hadi magurudumu yote mawili yalowe, kisha kata kona kali kwenye sakafu kavu. Geuka utazame alama. Utaona mistari miwili, na mstari wa gurudumu la nyuma umepita ndani ya ule wa mbele. Gurudumu la nyuma hupenda njia ya mkato. Ikiwa baiskeli fupi inafanya hivyo, je, trela refu litafanyaje? Dereva wake akikata akiwa ameganda ukingoni kabisa, magurudumu ya nyuma yatapanda ukingo, yatavunja vibao, na Mungu aepushe, yatamkanyaga aliyesimama pale akingoja kuvuka. Ndiyo maana huchukua nafasi kulia kwanza. Ile nafasi tunayoiona kushoto kwake si ya bure. Ina mwenyewe, ni ya mkia wake.

Kwa hivyo basi, je, kila gari likienda kushoto lianzie kulia? La hasha! Na hapa ndipo ninapowageukia madereva wa magari madogo. Nimesimama mara nyingi nikiangalia magari pale njia panda. Unaona kigari kidogo, kifupi, kinachoweza kugeuka uani kwa bibi yako bila kugusa kuku, nacho kinajipanua kulia kama trela ndipo kiingie kushoto. Anayemfuata anadhani anakwenda kulia, anampita kwa kushoto, na hapo ndipo wanapokutana. Huyo hana udhuru wowote. Gari dogo linalokata kushoto mahali pake ni kushoto, tangu mwanzo hadi mwisho.

Hii ndiyo hoja yangu kuu, nami naomba muikumbuke hata mkisahau mengine yote: kona ya kushoto haianzi kwenye kona. Huanza nyuma kabisa, pale dereva anapojiuliza, "Mimi nakwenda wapi?" Akishajijibu, hutazama kioo, huwasha indiketa mapema, husogea kushoto, hupunguza mwendo, hutazama tena kioo cha kushoto na bega la kushoto asije akambana mwendesha baiskeli, ndipo akate. Akikata, huingia upande wa kushoto wa barabara mpya. Haendi kupanuka hadi katikati akutane uso kwa uso na matatu inayotoka Mwatate. Na kama kuna mtu ameshaanza kuvuka barabara ile anayoiingia, humngoja avuke. Adabu hiyo haigharimu hata lita moja ya mafuta.

Pengine mtasema, "Wewe unatuhubiria mambo ya barabara zenye mstari mmoja tu katikati." Haya, twende Nairobi, ambako wengi wetu tunaota kwenda baada ya mtihani. Huko barabara imegawanywa kwa mistari, na kila sehemu madereva huiita leni. Mishale imechorwa chini. Leni yenye mshale wa kushoto ni ya wanaokwenda kushoto. Leni yenye mshale ulionyooka ni ya wanaokwenda moja kwa moja. Hata mtoto wa chekechea anaweza kusoma mshale. Lakini utamwona mtu mzima, mwenye tai shingoni, amekaa leni ya kulia kwa sababu foleni yake ni fupi, na akifika kwenye taa anakata mbele ya wenzake wote kwenda kushoto. Wale waliopanga foleni kwa uaminifu ndio wanaoonekana wajinga. Hebu fikirini, mtu akikupita hivyo kwenye foleni ya githeri hapa shuleni mngemfanya nini? Na kule kwenye githeri hakuna magurudumu.

Na ikiwa umekosea leni bila kukusudia? Hilo linaweza kumpata yeyote, hasa mgeni. Jawabu ni rahisi ingawa linauma: endelea na safari, tafuta mahali salama mbele, geuka urudi. Utapoteza dakika chache. Kona haitahama. Anayejilazimisha kukata dakika ya mwisho ananunua dakika chache kwa bei ya mguu wa mtu mwingine.

Aidha, sisi wa Voi tuna jambo la ziada. Kenya, Uganda na Tanzania tunaendesha upande wa kushoto wa barabara. Rwanda, Burundi na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo wanaendesha upande wa kulia. Malori ya huko nayo hupita kwetu yakienda na kutoka bandarini, na mengine usukani wake uko kushoto. Dereva wa namna hiyo, kwake upande usioonekana vizuri ni kulia. Kwa hivyo usiseme, "Ananiona tu." Tazama kwanza dereva ameketi upande gani. Kanuni ni moja: usipouona uso wa dereva katika kioo chake, yeye naye hakuoni.

Upande wenyewe, wa kushoto au wa kulia, haukutoka mbinguni. Tarehe 3 Septemba 1967 nchi ya Uswidi iliacha kuendesha kushoto ikahamia kulia, taifa zima kwa siku moja. Kilichowaokoa wale watu ni kwamba wote walihama pamoja. Barabara ni mapatano. Mmoja akiyavunja, mapatano ya wengine wote yanakuwa bure.

Najua kuna watakaosema, "Sisi ni wanafunzi, hatuna magari, maneno haya yanatuhusu nini?" Yanatuhusu sana. Kwanza, ndio abiria. Abiria ana mdomo. Mimi niliutumia vibaya, nikamharakisha kijana wa watu hadi chini ya trela. Ningeweza kuutumia vizuri, nikasema, "Kaka, tungoje." Neno moja tu. Pili, ndio watembea kwa miguu. Tusisimame kwenye ncha ya kona tukipiga soga huku mgongo umegeukia barabara, kwa kuwa pale ndipo magurudumu ya nyuma hupita. Tusogee nyuma hatua kadhaa. Tatu, katika kila darasa letu wamo madereva wa kesho, na wengine wakifunga shule tu huwa tayari ni wa bodaboda. Hao ndio ninaowaomba zaidi. Usimpite mtu kwa kushoto anapoonyesha kwamba anakwenda kushoto. Ngoja nyuma yake. Trela likimaliza kukata, barabara itabaki pale pale.

Nao wakubwa wetu wanaoshughulikia barabara wasidhani nimewasahau. Mistari na mishale ikifutika ipakwe rangi upya. Watembea kwa miguu watengewe mahali pa kusimama mbali na mkunjo wa kona. Kwenye njia panda yenye malori mengi, rangi nyeupe si pambo.

Lakini hata tukipakiwa rangi kila Jumatatu, rangi haimshiki mtu mkono. Nirudi basi kwenye ule mjadala wetu. Nani alikuwa na kosa? Trela lilionyesha indiketa na kuchukua nafasi ambayo haliwezi kukosa. Mwenye bodaboda alipunguza mwendo, akataka kungoja, ila alimsikiliza mteja. Hukumu yangu ni kwamba mwenye kosa kubwa ni yule aliyekuwa nyuma, na sanduku mapajani, na haraka moyoni. Sanduku lile sijalitupa. Liko nyumbani chini ya kitanda. Mama aliniuliza mara nyingi kwa nini naweka takataka. Nilimjibu kwamba si takataka, ni mwalimu.

Ajali ina kinga, ndugu zangu. Siku ile kinga yake ilikuwa neno "tungoje", nami sikulisema. Wewe ukifika pale njia panda, lisema.

Naweka kalamu chini. Anayepinga maoni yangu na aje tujadiliane katika mkutano ujao wa chama, ila tafadhali akija asipite kushoto kwa trela.