Irudisheni Ile Sinema

Mwezi uliopita, hapa kambini, tulitundika shuka jeupe ukutani tukaonyesha sinema ya zamani isiyo na sauti: Shoulder Arms ya Charlie Chaplin, ya mwaka 1918. Jamaa kapelekwa jeshini, lakini miguu haimtii. Wenzake wanageuka sawasawa, yeye nyayo zinaelekea pande mbili. Anafokewa, anajaribu tena, yaleyale. Watoto walicheka hadi wakaanguka.

Ikafika kwenye handaki. Barua zinagawiwa, yake haipo. Anasimama nyuma ya mwenzake, anaisoma ya mwenzake, anafurahi na kuhuzunika pamoja naye. Hapo sisi wakubwa tulinyamaza. Nani kati yetu hajawahi kutega sikio simu ya jirani inapoingia kutoka nyumbani?

Ndipo projekta ikazimwa. Mzee mmoja alisema tunafundisha vijana woga. Mfanyakazi mmoja wa misaada akasema itatutonesha vidonda. Hawa hawajawahi kukubaliana hata juu ya foleni ya maji, usiku ule wakakubaliana!

Mzee wangu, kwa heshima: huyo mwoga ni mimi. Nilikuwa na miaka 16 walipokuja kijijini kwetu, Kivu, kuchukua wavulana. Mama akaniambia, "Pitia nyuma, usigeuke." Nililala siku mbili kwenye shamba la mihogo. Rafiki zangu wawili walienda. Hawajarudi. Na methali unaijua: kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Sasa kicheko chenyewe kimefika, unakizima?

Nawe ndugu wa misaada: kidonda ni changu, ungeniuliza. Kila mara mnatuita tuwasimulie vita, tunalia, mnaandika. Tukitaka kuvicheka dakika arobaini tu, eti hatari?

Chaplin mwenyewe alitumiwa manyoya meupe, alama ya woga, kwa sababu hakuvaa sare. Hata ile sehemu ya mtu wake akihangaika nusu uchi kwa daktari wa jeshi aliipiga, kisha akaikata. Basi imetosha kukatwa.

Irudisheni. Ionyesheni yote, mpaka pale anapoamshwa. Asiyetaka abaki nyumbani kwake. Sisi tuliokimbia tunataka kucheka, na wanetu wajue kwamba mtu anaweza kuikataa bunduki na bado akawa baba yao.