Mume wa Ligi za Chini

Shoga, kama mumeo anacheza ligi za chini, basi letu moja. Wangu ni kipa. Alianzia mchangani Milola, akaenda Lindi, Mtwara, Songea. Kila msimu timu mpya, mshahara wa kusubiria.

Tangu Namungo ya Ruangwa ipande Ligi Kuu 2019, na 2020 ikafika fainali ya Kombe la FA dhidi ya Simba, anaamini zamu yake inakuja. Lakini timu ikipanda, mara nyingi husajili kipa mwenye jina.

Sasa mtoto wa pili yuko njiani. Simwambii atundike daluga. Tumekubaliana: pesa ya usajili inanunua kiwanja kwanza, na misimu iliyobaki ni miwili tu. Ninyi je, mmeshaongea?